Yule bibi wa kitandani: Liz Smith alianza kuigiza lini?

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni mama wa watoto watatu, nina miaka 48, naishi Tanga. Sikukuu iliyopita wanangu waliweka ile filamu ya kiwanda cha chokoleti, ambayo ndani yake kuna wazee wanne wanaolala kitanda kimoja. Nilimpenda mmoja wa wale bibi, yule anayedakia maneno yasiyohusiana na kinachoongelewa. Binti yangu akatafuta kwenye simu, akaniambia anaitwa Liz Smith, Mwingereza, ameshafariki, na kwamba alianza kuigiza akiwa na miaka hamsini. Mimi naigiza kanisani tangu usichana wangu, na watu huniambia umri umenipita. Je, ni kweli huyu bibi alianza akiwa na umri huo? Na mtu anawezaje kuishi kwa kuigiza ikiwa kila mara anapewa vipande vidogo tu?

JIBU: Marahaba, dada. Niliposoma swali lako nilicheka, kwa sababu mimi pia mara ya kwanza nilimpenda pale pale kitandani. Anaitwa Bibi Georgina kwenye hadithi, mmoja wa babu na bibi wanne wa Charlie. Wenzake wanabishana juu ya kiwanda, yeye anaibuka na kusema anapenda zabibu, kisha anatabasamu kama mtu aliyemaliza mjadala. Filamu hiyo, Charlie and the Chocolate Factory ya mwongozaji Tim Burton, ilitoka mwaka 2005. Liz Smith alikuwa na miaka 83.

Sasa hilo la miaka hamsini. Binti yako hakukosea, ndivyo inavyoandikwa kila mahali, lakini maneno hayo yanakuficha nusu ya habari. Akiwa karibu na hamsini ndipo kamera ilipomwona. Kuigiza alianza akiwa mtoto wa miaka 9, na miaka 40 iliyokuwa katikati ndiyo ninayotaka tukae nayo, maana jibu la maswali yako yote mawili limelala humo.

Alizaliwa Desemba 11, 1921, huko Scunthorpe, mji wa viwanda vya chuma katika jimbo la Lincolnshire. Jina lake la kuzaliwa ni Betty Gleadle. Mama yake alifariki akijifungua, Betty akiwa na miaka miwili. Baba baadaye akaoa kwingine na kukata mguu kabisa, mtoto akabaki kwa babu na bibi. Babu ndiye aliyekuwa akimpeleka sinema tangu akiwa mdogo. Wakati huo sinema nyingi zilikuwa bubu bado, kwa hiyo mtoto yule alijifunza kusoma nyuso kabla ya kusikia mwigizaji akisema neno. Siwezi kukuapia kwamba hilo ndilo lililomfundisha kazi, ila ukimtazama uzeeni utaona jinsi anavyosikiliza kwa uso mzima.

Vita Kuu ya Pili ilipokuja alijiunga na kikosi cha wanawake cha jeshi la majini. Vita ikamfikisha hadi India, na Calcutta ndiko alikofunga ndoa mwaka 1945. Wakapata watoto wawili, wa kike na wa kiume. Mwaka 1959 ndoa ikavunjika, na Betty akawa mama anayelea peke yake katika Uingereza ya enzi ambayo mwanamke aliyeachika alitazamwa kwa jicho la pembeni.

Alifanya kila kazi iliyojitokeza. Alipeleka barua za watu majumbani. Alikaa kwenye kiwanda cha mifuko ya plastiki akikagua ipi ina kasoro na ipi haina. Jioni akaenda kuigiza.

Aliigiza wapi? Hapa lazima nieleze kidogo mfumo wa Uingereza wa wakati ule, la sivyo utadhani alikuwa akiota tu. Miji mingi ilikuwa na majumba ya michezo yenye kikundi cha kudumu cha waigizaji, na vikundi vingine vilibadilisha mchezo kila wiki. Mchana mnafanya mazoezi ya mchezo wa wiki ijayo, usiku mnacheza wa wiki hii, na ukilala unakariri maneno. Leo wewe ni mjakazi, Jumatatu ijayo ni mke wa hakimu, baada ya hapo ni jirani mbeya. Malipo yalikuwa madogo na vyumba vya kupanga vilikuwa na baridi. Lakini mtu aliyepita huko miaka kumi alikuwa ameshavaa uhusika mwingi kuliko steringi wa leo atakaovaa maisha yake yote. Betty alipita huko. Alitumbuiza pia kwenye kambi za mapumziko za Butlins, ambako familia za wafanyakazi wa viwandani zilikwenda likizo ya kiangazi na kukuta michezo ya jukwaani humo humo kambini. Hadhira ya namna hiyo haina adabu za ukumbini. Mtoto analia, baba ana bia mkononi, na usipowashika dakika ya kwanza wanainuka kwenda kuogelea.

Halafu kuna jambo ambalo watu hulipita haraka, nami naliona ndilo zito kuliko yote. Alijiunga na kikundi cha majaribio cha Charles Marowitz, Mmarekani aliyehamia London na kuwafundisha waigizaji mbinu za Stanislavsky, mwalimu wa uigizaji wa Urusi, na uigizaji wa papo kwa papo. Hakuna muswada. Unapewa mtu na hali, unaanza kuishi. Waigizaji wengi wa Uingereza wa kizazi chake walifundishwa kinyume chake: sauti kwanza, matamshi, kusimama vizuri, kisha mtu atakuja. Betty, ambaye sasa jukwaani aliitwa Liz Smith, akajifunza kuanza na mtu. Ulikuwa ujuzi usio na soko. Hakuna aliyekuwa akitangaza nafasi za mama wa makamo anayejua kuigiza bila maneno ya kukariri.

Soko likaja Krismasi ya mwaka 1970. Liz Smith alikuwa akiuza midoli katika duka la Hamleys, mtaa wa Regent, kibarua cha msimu wa sikukuu. Akapata ujumbe kwamba kijana mmoja anatafuta mwanamke wa makamo kwa ajili ya filamu isiyo na muswada. Kijana huyo alikuwa Mike Leigh, miaka 27, na filamu ilikuwa yake ya kwanza, Bleak Moments. Ilikuwa imezaliwa kutokana na mchezo uliochezwa jukwaani kwenye ukumbi wa Open Space, na ukumbi huo ulikuwa wa nani? Wa Marowitz yule yule. Sisemi Marowitz ndiye aliyemtaja. Nasema London ya waigizaji wa aina hiyo ilikuwa kijiji, na Liz Smith alikuwa mwanakijiji wa siku nyingi.

Unaona sasa kwa nini naikataa ile hadithi ya muuza midoli aliyeokotwa dukani? Leigh hakuwa anaokota sura. Namna yake ya kufanya kazi ni kumwita mwigizaji amtajie watu anaowafahamu kweli, kisha wanachagua mmoja na kumjenga upya kwa wiki nyingi: anatembeaje, anakula nini, anaogopa nini. Wahusika wakishaiva ndipo wanakutanishwa, na hadithi inatoka humo. Mtu asiyejua uigizaji wa papo kwa papo asingedumu siku mbili. Na mtu aliyeujua lakini hajawahi kukagua mifuko ya plastiki kiwandani asingekuwa na watu wa kutaja. Liz Smith alikuwa na vyote viwili, na kwa umri wake walikuwa wachache mno.

Katika Bleak Moments yeye ni mama mzee asiye na subira, mwenye kinyongo, nafasi ya msaidizi. Filamu ilitengenezwa kwa fedha kidogo sana, ikatoka mwaka 1971, na mwaka uliofuata ikashinda tuzo kuu kwenye tamasha la Locarno, Uswisi.

Lakini kama unataka kujua bibi yako wa zabibu alikuwa mwigizaji wa kiwango gani, tafuta Hard Labour, ambayo Leigh aliitengenezea BBC mwaka 1973. Humo Liz Smith ndiye kiini cha hadithi. Ni Bi Thornley wa Salford, karibu na Manchester. Anafanya usafi kwenye nyumba ya watu wenye nafasi, anarudi kufanya usafi kwake, anapika, anapiga pasi, anamsikiliza mume akifoka. Kuna mahali mume ameketi mgongo wazi, mgongo wenye manyoya, naye anamsugua dawa. Hakuna anayesema lolote la maana. Mwigizaji mwingine angetafuta njia ya kutuonyesha kwamba mwanamke huyu anateseka: angevuta pumzi, angetazama dirishani. Yeye anasugua tu. Uso wake ni wa mtu anayefanya kazi ambayo ameifanya mara elfu. Mwishoni anakwenda kuungama kwa padri, na dhambi anayoiona kwake ni kwamba hawapendi watu vya kutosha. Mwanamke ambaye tumemwona saa nzima na zaidi akihudumia kila mtu! Anaitamka kwa sauti ile ile ambayo angetumia kuagiza mkate.

Nimewahi kuwaonyesha vijana ninaowafundisha kipande hicho. Mmoja akaniuliza, "Mwalimu, mbona haigizi?" Nikamwambia hilo ndilo swali bora la muhula mzima.

Sasa niende kwenye swali lako la pili, la vipande vidogo. Wewe na mimi tumekulia kwenye vibanda umiza, ambako mtu akichelewa kuingia swali lake la kwanza lilikuwa "Steringi nani?" Waliobaki wote tuliwaita adui, au rafiki wa steringi, au tuliwasahau. Waingereza wana steringi wao pia, lakini wana tabaka jingine ambalo wanaliheshimu sana, la waigizaji ambao kazi yao ni kuwa mtu mwingine kila mara. Steringi unamlipia ili umwone yeye. Huyu mwingine unamlipa ili usimwone. Umwone mwenye nyumba, mke wa mchungaji, mama mkwe. Kulikuwa na kitabu kinachoitwa Spotlight, kilichoanza kuchapishwa mwaka 1927, chenye picha za waigizaji ili waongozaji wachague. Kiliwapanga kwa mafungu: wanaoongoza mchezo fungu lao, wa wahusika na vichekesho fungu lao. Kuwa kwenye fungu la pili halikuwa tusi, ilikuwa fani kamili.

Faida ya fani hiyo ni kwamba haiogopi mikunjo ya uso. Mwigizaji mrembo wa miaka 25 ana miaka kumi na tano mbele yake, akibahatika. Liz Smith alipofika 50 ndipo uso wake ulipoanza kukubaliana na nafasi alizokuwa akizijua tangu zamani. Na nafasi zilikuwepo. Kufikia miaka ya 1970 Uingereza ilikuwa na BBC yenye chaneli mbili na ITV yenye vituo vya mikoa, Granada huko Manchester, Yorkshire Television huko Leeds, na vingine, kila kimoja kikitengeneza michezo yake. Kila mchezo unahitaji mama wa mtu. Zaidi ya hapo, ladha ilikuwa imebadilika. Zamani jukwaa la London lilitaka lafudhi ya watu wakubwa wa kusini, na mtu wa viwandani aliletwa ili achekwe. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1950 waandishi waligeukia jikoni kwa wafanyakazi, na Coronation Street, tamthilia ya mtaa wa watu wa kawaida iliyoanza Desemba 1960, ikaonyesha kwamba nchi nzima ingekaa kuwatazama. Binti wa Scunthorpe akawa bidhaa adimu kwa sauti ile ile ambayo miaka ishirini nyuma ingemfungia mlango.

Tena kulikuwa na chama. Waigizaji wa Uingereza wana chama chao, Equity, na hadi mwishoni mwa miaka ya 1980 bila kadi yake ilikuwa vigumu mno kupata kazi ya kulipwa. Mlango huo ulikuwa na ukatili wake: kadi ilihitaji mkataba na mkataba ulihitaji kadi, ndiyo maana watu walikwenda kwenye vikundi vya mikoani na kwenye kambi za likizo, ambako kadi zilipatikana. Lakini ukishaingia, kulikuwa na viwango vya malipo, na kipindi kikirudiwa mwigizaji alilipwa tena. Fikiria maana ya hilo kwa mtu wa nafasi ndogo. Kipande cha siku tatu za kushuti kinaweza kumletea hundi miaka mitano baadaye, hata akiwa kitandani na homa. Mwigizaji wa kwetu anayelipwa mara moja, kisha kazi yake ikarudiwa kwenye mabasi na runinga mpaka watoto wakariri maneno, ataelewa upesi tofauti iko wapi. Kwa hiyo ukiniuliza mtu anaishije kwa vipande vidogo, nitasema: viwe vingi, visimamiwe na chama, na vilipwe kila vinapotumika. Kipaji pekee hakilipi kodi ya nyumba, si London wala Tanga.

Basi vikaja mfululizo. Mwaka 1981 alikuwa msimamizi wa nyumba, Bi Fairley, katika The French Lieutenant's Woman, ambayo Meryl Streep ndiye anayeongoza. Mwaka 1984 George C. Scott alipocheza bahili Scrooge katika A Christmas Carol, Liz Smith alikuwa Bi Dilber, yule mama anayeuza vitu vya marehemu kabla hajapoa. Miaka kumi na tano baadaye, 1999, filamu ikatengenezwa upya na Patrick Stewart akiwa Scrooge. Wakamtafuta Bi Dilber. Wakampata Liz Smith. Scrooge alibadilika, Dilber hakubadilika, na sijui sifa gani kubwa kuliko hiyo kwa mwigizaji wa nafasi ndogo.

Mwaka huo huo wa 1984 ndipo ikatoka A Private Function, iliyoandikwa na Alan Bennett. Ni Uingereza ya mwaka 1947, vita imekwisha lakini chakula bado ni cha mgawo, na wakubwa wa mji mdogo wa Yorkshire wanafuga nguruwe kwa siri kwa ajili ya karamu. Fundi wa kutunza miguu na mkewe mpenda makuu wanamwiba yule nguruwe na kumficha nyumbani. Mke ni Maggie Smith, ambaye wanao wanamjua kama Profesa McGonagall wa Harry Potter. Mama yake mke, anayeishi nao, ni Liz Smith. Usidanganywe na jina, hawana undugu. Maggie alizaliwa mwaka 1934, kwa hiyo "mama" alimzidi "binti" miaka 13 tu! Mhusika ana miaka 74. Aliyemcheza alikuwa 62. Nguruwe ananuka nyumba nzima, wageni wanakuja, na binti anamsingizia mama harufu hiyo kwa sababu ya umri wake. Mzee mwenyewe mawazo yake yako kwenye chakula. Angeweza kuwa kikaragosi. Lakini Liz Smith anaweka ndani ya njaa ile woga wa mtu anayekula kwa hisani ya wengine, na kicheko kinakukwama kidogo kooni. Machi 1985 BAFTA, taasisi ya filamu na runinga ya Uingereza, ikampa tuzo ya mwigizaji msaidizi bora wa kike. Maggie Smith akachukua ya mwigizaji bora wa kike kwa filamu hiyo hiyo.

Hapo alikuwa na miaka 63, umri ambao kwetu mtumishi wa serikali ameshastaafu. Yeye alikuwa hajafika hata katikati ya safari yake mbele ya kamera.

Nichepuke kidogo. Liz Smith hakuwa peke yake katika nchi ile. Joan Hickson, aliyezaliwa mwaka 1906, alipanda jukwaani mwaka 1927 na kwa miaka zaidi ya hamsini akawa wapishi, manesi na wenye nyumba za kupangisha. Mwandishi Agatha Christie alimwona jukwaani miaka ya 1940 akamwandikia kwamba anatumaini siku moja atamcheza Bi Marple, yule kikongwe mpelelezi wa vitabu vyake. Siku hiyo ilifika Desemba 1984, Christie ameshafariki, Hickson ana miaka 78. Akamaliza riwaya zote 12 hadi mwaka 1992. Ninamtaja ili uone kwamba hii ni njia iliyopitwa, yenye nyayo, na kwamba waliopita humo hakuna hata mmoja aliyeanza kutembea siku aliyoonekana.

Turudi. Kizazi cha sasa cha Waingereza kinamjua Liz Smith kwa vichekesho vya runinga. Katika The Vicar of Dibley, iliyoanza mwaka 1994, alikuwa Letitia, bibi wa kijijini anayewapikia wenzake keki zenye mchanganyiko wa kutisha na ambazo kila mtu anakula kwa heshima. Alipofariki kwenye hadithi mwaka 1996, kifo hicho kiligeuzwa kuwa kichekesho na kilio kwa mpigo mmoja.

Kisha The Royle Family, kuanzia mwaka 1998. Sikiliza mpangilio wake: familia ya Manchester imekaa sebuleni, runinga imewashwa, wanaongea. Basi. Hakuna vicheko vya kupachikwa vinavyokuambia cheka hapa. Waandishi wake wakuu, Caroline Aherne na Craig Cash, walielewa kwamba nyumba nyingi huishi hivyo hivyo. Liz Smith ni Nana, yaani bibi, mama yake Barbara mwenye nyumba, mama mkwe wa Jim, mume wa Barbara. Anakuja, anakaa, anadokoa, anaumwa kwa makusudi pale anaposahauliwa. Jim anamsema, na yeye ana kipaji cha kusikia tu anachotaka kusikia. Kila familia ina Nana wake. Mimi nilikuwa naye, alikuwa bibi yangu mzaa mama, na alikuwa kiziwi kwa habari za kuombwa pesa tu.

Oktoba 2006 walirudi na kipindi maalumu, The Queen of Sheba, yaani Malkia wa Sheba. Nana amelazwa sebuleni humo humo, kitanda kimewekwa mahali familia inapokaa, anakwenda. Barbara, ambaye ni Sue Johnston, anamchana nywele taratibu. Wanaongea mambo madogo. Wote wawili wanajua. Hii ni ile ile ya mgongo wa Salford, dada: mikono ya mwanamke kwenye mwili wa mtu mwingine, bila maneno makubwa. Miaka 33 imepita, safari hii yeye ndiye anayehudumiwa. Kama ningeambiwa nihifadhi dakika tano tu za kazi yake yote, ningechukua hizo, na Hard Labour ningeililia pembeni.

Kuna makosa ambayo hata wanaompenda huyafanya. Humsifu kwa kuwa "bibi mtamu". Hakuwa mtamu. Mtazame vizuri: wazee wake ni wabinafsi, wana njaa, wanasema uongo, wanataka kuonekana. Hakuomba wapendwe. Nadhani ndiyo maana tunawapenda, kwa sababu hawafanani na wazee wa matangazo ya biashara, wanafanana na wale tuliowazika.

Mwaka 2005, mwaka wa filamu yako ya chokoleti, alikuwa pia kwenye Keeping Mum pamoja na Rowan Atkinson, yule Mr Bean, na humo akakutana tena na Maggie Smith. Sauti yake imo kwenye katuni ya udongo ya Wallace na Gromit iliyotoka mwaka huo huo, kama Bi Mulch. Filamu zote hizo kwa mwaka mmoja, miaka 83. Mwaka 2006 akatoa kitabu cha maisha yake, Our Betty, akirudia jina la utotoni. Mwaka 2008 alikuwa bado kazini kwenye tamthilia ya BBC ya Lark Rise to Candleford. Mwaka 2009, baada ya kupatwa na kiharusi, akatangaza kustaafu, na mwaka huo akapewa MBE, nishani ya heshima ya Uingereza. Alifariki Desemba 24, 2016, akiwa na miaka 95.

Umeniambia watu wanasema umri umekupita. Kwa uigizaji wa steringi wa mapenzi, huenda, na sitakudanganya. Kwa kazi aliyofanya Liz Smith, umri wako ni mwanzo wa duka kufunguliwa, ila swali ni una nini dukani. Miaka yako ya kanisani si bure, lakini maigizo ya kanisani yana tabia moja: mhusika akiwa mwema anaonekana mwema toka mlangoni, akiwa mwovu hivyo hivyo. Jaribu hivi. Chukua mtu mmoja unayemfahamu kweli, si shujaa, labda muuza samaki anayekupunja kidogo kila Ijumaa. Mfuatilie mwezi mzima: anapumuaje akiinua ndoo, anatazama wapi akitaja bei. Kisha mcheze mbele ya wenzako bila kumhukumu na bila kuwaambia ni nani. Wakimtambua, umeanza. Na ukipata nafasi kwenye kazi ya kulipwa, soma mkataba kabla ya kufurahi, uulize malipo ya marudio yamo au hayamo.

Kwa kuanza kumtazama, weka Keeping Mum kwanza, wanao watakaa kwa ajili ya Mr Bean. Hard Labour itafute ukiwa peke yako, mchana, si usiku. Halafu rudini wote kwenye ile ya chokoleti, na safari hii usimsikilize Bibi Georgina anapoongea. Mtazame wakati wale wengine watatu wanaongea.